Baada ya Ikulu: Adams bungeni, Taft mahakamani

Marais hawa wawili wa Marekani walishindwa kutetea kiti: John Quincy Adams mwaka 1828 mbele ya Andrew Jackson, William Howard Taft mwaka 1912, akiambulia majimbo 2 tu, Utah na Vermont.

Adams alirudi kwa wapiga kura wa Massachusetts, akakaa Baraza la Wawakilishi kuanzia 1831 hadi kifo chake mwaka 1848. Alipambana na kanuni iliyozuia kujadiliwa kwa maombi ya kupinga utumwa. Wenzake wakajaribu kumkaripia rasmi mwaka 1842, wakashindwa, na kanuni ikafutwa 1844. Mwaka 1841 alisaidia kuwatetea Waafrika waliotekwa kuwa watumwa na kuasi ndani ya meli ya Amistad, mbele ya Mahakama ya Juu, wakaachiwa huru. Kwa kweli, hakuna alichofanya akiwa rais kinachofikia hapo.

Taft hakuhitaji kura. Alifundisha sheria Chuo Kikuu cha Yale, kisha mwaka 1921 Rais Harding akamteua Jaji Mkuu. Mafaili yalikuwa yamerundikana, naye akasukuma sheria ya 1925 iliyoiwezesha mahakama kujichagulia, kwa sehemu kubwa, rufaa za kusikiliza. Cheo kilikuwa cha maisha. Alikiacha Februari 1930 kwa ugonjwa, akafariki Machi.