Kamusi inayoujua uchochoro wa nyumba, wa beki haiujui

Kazi yangu ni kusahihisha kurasa za gazeti kabla hazijaenda mtamboni. Kamusi naifungua huku msanifu kurasa kanisimamia pembeni anataka kichwa cha habari sasa hivi, wala si kesho. Ndiyo maana nilipakua hii programu ya kamusi ya Kiswahili kwa Kiswahili, nipumzike kubeba lile dude la kurasa mia kadhaa. Jina lake silitaji, maana lawama zitakuwa nyingi kuliko sifa.

Sifa zenyewe nizimalize kwanza. Inafunguka upesi, haili bando, haina matangazo ya kurukia kioo, na herufi unaweza kuzikuza ukiwa umesahau miwani. Ngeli imeandikwa kwa kila nomino. Kwa mtu anayebishana na waandishi kuhusu "uzi huu" na "nyuzi hizi", hilo peke yake linatosha kuiacha simuni.

Kamusi yoyote mpya naipima kwa neno uchochoro. Ni neno la kila siku, hata mtoto analijua, lakini lina tabaka. Nikaliandika. Ikaja maana ya njia nyembamba ipitayo kati ya nyumba na nyumba, ngeli ya U-ZI, wingi chochoro. Sawasawa kabisa, limekaa na wenzake wembamba warefu kama ukanda, utepe na ufito. Mfano wa sentensi ni wa mtu anayekatiza uchochoroni ili awahi nyumbani. Mwisho. Hakuna maana ya pili.

Sasa twende kwenye meza yangu. Ukurasa wa habari unasema bandari bubu zimekuwa uchochoro wa kupitishia magendo. Kiongozi fulani anaonya kwamba nchi isigeuzwe uchochoro wa dawa za kulevya. Ukurasa wa biashara una vichochoro vya kukwepa kodi. Ukifungua michezo, ngome ya timu iliyolala mabao matano imegeuka uchochoro, na beki namba mbili ametajwa kwa neno hilohilo. Katika habari zote hizo hakuna nyumba hata moja, na hakuna msomaji anayekwama. Anayekwama ni mgeni anayejifunza Kiswahili, ambaye programu hii inajinadi kuwa imetengenezwa kwa ajili yake pia. Huyo atabaki anajiuliza beki kajengwa kati ya nyumba zipi.

Kuna watakaosema hayo ni ya mtaani, kamusi iyaache huko. Sikubali. "Machocho" ni ya mtaani, hilo nakubali, na "chocho" ya vijana wa Nairobi vilevile. Yangewekwa alama ya kuonyesha kwamba ni ya mazungumzo, basi. Lakini uchochoro wa magendo unasemwa jukwaani na watu waliofunga tai. Maana hiyo imeshatoka kijiweni zamani.

Halafu maana hizo hazifanani, na hapa ndipo kamusi nzuri ingenisaidia kazi. Mwandishi akiniletea "uchochoro wa sheria", mara nyingi nafuta naandika "mwanya". Mwanya ni pengo, limebaki pale kwa sababu aliyetunga sheria hakuliziba. Uchochoro ni mahali watu wanapita, tena wanaujua na wameuzoea. Ukiandika mwanya, jicho la msomaji linakwenda kwa mtunga sheria. Ukiandika uchochoro, linakwenda kwa wapitaji na kwa mlinzi aliyelala. Njia ya panya nayo ina mipaka yake, kwani kwenye habari zetu imebaki zaidi kwa mipaka ya nchi na watu wanaovuka bila kugonga muhuri. Na kwenye soka usichanganye na tobo, ule mpira unaopitishwa katikati ya miguu ya mchezaji. Beki bora kuliko wote anaweza kupigwa tobo akaendelea na mechi yake. Akiitwa uchochoro, kocha anatafuta mwingine.

Dosari kubwa kuliko hiyo ni kisanduku cha kutafutia. Andika "vichochoro", inakwambia neno halipo. Andika "vichochoroni", halipo. Mpaka wewe mwenyewe uondoe vi-, uondoe -ni, urudishe ki-, ndipo kidahizo, yaani neno linalofafanuliwa, kinajitokeza kana kwamba kilikuwa kinakusubiri. Mtu anayejua kufanya hivyo hakuwa na haja ya kamusi. Kwenye kitabu nakubali, karatasi haiwezi kukisia unachotaka, na mpangilio wa alfabeti unaziweka kichochoro kwenye K na uchochoro kwenye U, mbalimbali kabisa. Programu inashindwaje? Kiswahili kinabadilisha mwanzo wa neno. Kamusi ya simu isiyolijua hilo ni ile ya karatasi iliyopigwa picha. Hata kiungo cha kukupeleka kutoka kichochoro hadi uchochoro hakipo, ingawa kila moja limefafanuliwa kwa maneno yaleyale.

Nyota mbili na nusu. Mwalimu wa sarufi aipakue kwa ajili ya ngeli, na mwanafunzi wa sekondari itamfaa kwenye zoezi la umoja na wingi, mradi aanze na umoja. Mwandishi wa habari, mfasiri na mgeni wa lugha waendelee kuuliza watu.

Kuna kitufe cha mapendekezo. Niliwaandikia yote haya kwa adabu, na mifano juu. Nikajibiwa asante, maoni yangu ni muhimu. Toleo jipya limetoka juzi. Wamebadilisha rangi ya nembo.