Wapeleka samansi wa kukodi Kenya: ukaguzi kwa mwenye amri inayokaidiwa

Wapeleka samansi ni watu wanaolipwa kukabidhi karatasi za mahakama kwa mhusika. Nyota nne kati ya tano, kwa wale wenye leseni ya mahakama. Maombi mengi ya kumwadhibu mkaidi wa amri ya zuio (amri ya mahakama inayomkataza mtu kufanya jambo) hufia kwenye upelekaji, yaani kuthibitisha kwamba alikabidhiwa amri hiyo, na hapo ndipo huduma hii inapostahili pesa zake. Usiipime kwa kasi yake. Ipime kwa karatasi moja: hati ya kiapo ya upelekaji, ambamo mpeleka samansi anaapa jinsi alivyokabidhi amri.

Hati iliyokamilika hutaja siku, saa, mahali, jina na anwani ya aliyemtambulisha mpokeaji, na kama alitia saini au alikataa, amri ikaachwa mbele yake. Hati mbovu husema tu "nilimkabidhi mdaiwa". Wakili wa upande wa pili ataomba mpeleka samansi aitwe ahojiwe, na swali la kwanza litakuwa: ulimjuaje kuwa ndiye?

Kosa linalonikera zaidi ni la kampuni. Amri huachwa kwa mlinzi getini, ikagongwa muhuri wa mapokezi, kazi ikahesabiwa imekwisha. Kanuni zinataka kwanza atafutwe mkurugenzi, katibu au afisa mkuu. Na ukikusudia mkurugenzi fulani aadhibiwe, apelekewe yeye mwenyewe, kwa jina.

Bahasha iwe na nakala ya amri yenye muhuri wa mahakama, na onyo la adhabu ukurasa wa mbele. Soma maneno ya amri kabla ya kulipa. "Asijenge kwenye kiwanja" pamoja na nambari yake, hiyo inashikika. "Hali ibaki ilivyo", bila kueleza ni hali gani, ni mlango wa mabishano, na hakuna mpeleka samansi awezaye kuuziba.

WhatsApp inaruhusiwa tangu 2020, kwa nambari ya mwisho inayojulikana na kutumika. Tiki moja haitoshi. Picha ya tiki mbili iambatanishwe kwenye kiapo. Mimi huichukua kama nyongeza. Ni kweli Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Shimmers Plaza ya 2015, ilikubali kwamba kuijua amri kunatosha, mfano wakili wa anayedaiwa kukaidi akiwa mahakamani inapotolewa. Lakini kiwango cha ushahidi kiko juu ya kile cha kesi za madai za kawaida, kwa sababu mtu anaweza kufungwa hadi miezi sita na mali yake kukamatwa. Makabidhiano ya ana kwa ana bado ndiyo salama.

Ukiletewa rasimu ya ombi inayoegemea Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016, irudishe. Mahakama Kuu iliibatilisha 2018.

Nyota moja naiondoa kwa kumbukumbu za safari zilizoshindikana: wengi hawaandiki saa waliyofika wala waliyemkuta, ilhali ndizo utakazozihitaji ukiomba njia mbadala ya upelekaji. Kubalianeni hilo mapema, na salio lilipwe baada ya kukisoma kiapo kilichosainiwa mbele ya kamishna wa viapo.