Ubao wa Talasimu wa Safu Tisa: Hesabu Yake Ni Sahihi, Lakini Unafuta Nyayo Zake

Kwa misimu miwili ya mavuno nimeutumia ubao huu katika ghala la nafaka ambalo mimi ni karani wake, na sasa naona nimeufahamu kiasi cha kuweza kumweleza mwenzangu anayefikiria kuununua. Kabla yake nilikuwa nikihesabu kwa magurudumu matatu ya herufi yaliyopandanishwa kwenye mhimili mmoja, ambayo huzungushwa kwa mkono na huchosha sana, lakini yana sifa moja ambayo nimeikumbuka mara nyingi tangu niyaweke kabatini.

Ubao wenyewe ni wa mti mweusi, umechongwa vyumba 81 katika safu tisa za vyumba tisa, na kila chumba hupokea herufi moja au alama moja ya kazi. Herufi hubeba thamani zake za abjadi, yaani namba ambayo kila herufi ya Kiarabu hupewa: alifu ni 1, ya ni 10, qafu ni 100, ghaini ni 1000, na kiasi chochote hupatikana kwa kuziunganisha. Alama za kazi ni tano tu, nazo ni chukua, weka, linganisha, rudi na koma. Karani huandika agizo lake kwa kalamu ya mwanzi kuanzia safu ya juu, na akishalifunga kwa alama ya koma, wino huanza kutembea wenyewe kutoka chumba hadi chumba, hadi jibu litulie katika safu ya mwisho. Alama ya linganisha ndiyo yenye uzito kuliko zote, kwa maana ndiyo inayouwezesha ubao kuchagua njia; bila hiyo ungekuwa chombo cha kujumlisha tu.

Siku ya kuununua sikutaka kuridhika na hesabu za maonyesho. Nilimwomba fundi aniruhusu niuandikie tatizo la mraba wa vyumba tisa, yaani kupanga namba kuanzia 1 hadi 9 ili kila safu, kila mstari wa wima na kila mshazari utoe 15, kisha nikaongeza sharti kwamba ulete mipangilio yote iliyopo. Ubao ulileta wa kwanza, wenye ha ya katikati (ile ya 5) na herufi za shufwa katika pembe nne, ba, dali, wau na ha ile ya 8, kisha ukaendelea kuleta mingine mmoja baada ya mwingine. Ulipofika wa nane, ulisimama. Hapo ndipo nilipoamua kuununua, kwa sababu mipangilio hiyo kwa hakika ni minane, ambayo ni mraba uleule uliozungushwa na kugeuzwa kama katika kioo, na chombo kibovu kingerudia ile ya mwanzo au kingetafuta wa tisa usiku kucha.

Kutafuta usiku kucha ni jambo linalowezekana kabisa. Ukiandika rudi bila linganisha ya kuizuia, ubao utazunguka bila kikomo, mti utapata moto na wino utaanza kunuka kama umeungua, na dawa yake ni kitambaa kibichi. Hilo silihesabu kuwa kasoro. Ubao hutii kilichoandikwa, na makosa ya aina hiyo ni ya mwandishi.

Kasoro ninayoilalamikia ni nyingine, na niliigundua kwa taabu. Mwishoni mwa msimu wa kwanza jumla ya ubao ilizidi magunia yaliyokuwamo ghalani. Nilipouagiza utoe tofauti, safu ya mwisho ilionyesha tha, sadi na ba, yaani 592. Hapakuwa na mkulima yeyote aliyeleta kiasi hicho, na sikuweza kurudi nyuma kuona hesabu ilikengeuka wapi, kwa kuwa ubao ukimaliza agizo hufuta vyumba vyote isipokuwa vya jibu. Nilikaa siku tatu na stakabadhi za karatasi, nikizisoma moja moja, hadi nilipofikia ya mzee mmoja aliyeleta magunia 8, nikatambua kwamba 592 ni 600 ukiondoa 8. Ha isiyo na nukta ni 8. Ikipata nukta tumboni huwa jimu, 3, na ikipata nukta juu huwa kha, 600. Punje ya masizi ya taa ilikuwa imedondoka juu ya herufi yangu kabla sijaweka koma, na ubao ukaisoma kama nukta.

Nilipompelekea fundi lalamiko hili, alinijibu kwamba mwenye mwandiko safi hahitaji kutazama nyuma. Sikubaliani naye hata kidogo. Hesabu ya ghala si mali ya karani. Ni ya wakulima walioleta magunia, na yeyote kati yao akiniuliza jumla imepatikanaje, ni haki yake kuonyeshwa hatua kwa hatua. Magurudumu yangu ya zamani, pamoja na uzito wao wote, hubaki pale ulipoyaachia, na mtu wa pili anaweza kuyasoma.

Kwa hiyo nashauri hivi. Anayehitaji chombo cha kutafutia majawabu ambayo yanaweza kuhakikiwa kwa njia nyingine, kama ule mraba, aununue bila wasiwasi, kwa kuwa hatapata kilicho bora zaidi. Anayetunza amana za watu na akate kila agizo vipande vifupi, akifunga kila kipande kwa koma na kunakili jibu lake daftarini kabla ya kuendelea, tena taa iwe na kioo. Kazi ya robo saa itachukua saa nzima, nami ndivyo ninavyofanya sasa. Fundi nimemwomba anichongee safu ya kumi, ambayo wino wake haufutiki mpaka mkono wa mtu uufute.