Matango ya siki ya kukaanga: ununue chupa ipi?

Matango ya siki yakitoka kwenye mafuta yamelegea na ganda la unga limebanduka, watu hulaumu rojo. Mara nyingi tatizo lilianzia dukani. Tango la siki limejaa maji, na maji hayo yakiguswa na mafuta ya moto hugeuka mvuke unaosukuma ganda kutoka ndani. Tango laini humwaga maji mengi zaidi. Kwa hiyo kinachotafutwa kwanza ni ugumu.

1. Mazima, ya chumvi. Chupa huwa imeandikwa Dill, na haina sukari au inayo kidogo sana. Tunayaweka juu kwa sababu unakata mwenyewe unene wa milimita 6. Likiwa jembamba zaidi linapotea ndani ya unga. Likiwa nene zaidi, katikati hubaki na maji baridi.

2. Vipande vya duara vyenye mistari ya mawimbi. Mistari hiyo hushika unga vizuri na kazi ya kisu imeisha. Ila hakikisha si vile vyembamba vya kuwekwa kwenye baga, maana vinajikunja.

3. Vipande virefu vilivyopasuliwa mara nne. Mbegu zake zimeshika maji. Zikwangue kwa kijiko, la sivyo upande huo utabaki mtupu.

4. Vile vidogo vya kidole. Ni vigumu, lakini siki yake ni kali mno. Vipasue kati.

5. Matamu, yenye lebo ya Sweet au Bread and Butter. Yaache. Sukari inaungua kabla unga haujakauka, na unapata kitu cheusi chenye ladha ya uchungu.

Ukiwa dukani, soma viungo: kalsiamu kloraidi, au namba E509, ni dalili nzuri, kwani hukaza nyama ya tango. Yanayouzwa kwenye friji kwa kawaida ni magumu kuliko ya rafu, kwa sababu hayakupitishwa kwenye moto. Kifuniko kilichovimba, rudisha chupa.

Chakula hiki kilipata umaarufu huko Atkins, mji mdogo wa jimbo la Arkansas, Marekani, ambako Bernell Austin alianza kuyauza mwaka 1963 kwenye mgahawa wake, Duchess Drive-In. Atkins ulikuwa na kiwanda cha matango ya siki, hivyo malighafi ilikuwa jirani.

Sasa jikoni. Chuja, tandaza kwenye kitambaa safi, funika kwa kingine, kandamiza, acha dakika 20. Hatua hii usiiruke hata kama wageni wameshakaa. Kwa gramu 300 za vipande, changanya unga wa ngano gramu 100, wanga wa mahindi gramu 50 (ule mweupe wa kopo, si wa ugali), pilipili manga na mililita 160 za maji ya soda yasiyo na ladha, baridi sana. Chumvi usitie, tango linayo ya kutosha. Wenye unga wa dengu wa bhajia wanaweza kuuweka badala ya theluthi ya ngano. Ganda linakuwa gumu na rangi inapendeza.

Vipande vipakae unga mkavu kwanza, ukung'ute, ndipo uchovye kwenye rojo. Bila unga huo mkavu rojo linateleza. Mafuta ya alizeti lita 1 yafike nyuzi 190. Kama huna kipimajoto, tone la rojo lizame kidogo na kuibuka papo hapo likichemka. Tia vipande 8 tu kwa mara moja, kwa dakika 2 hadi 3. Ukijaza karai, joto linashuka na unga unakunywa mafuta.

Viopoe uviweke juu ya wavu wa chuma, bila kupandana. Vikirundikwa kwenye sahani, mvuke wa cha chini unalainisha cha juu. Vilivyobaki vipashe kwenye oveni, nyuzi 200, dakika 5. Maikrowevu itavilegeza vyote.