Vishikio vya fimbo za kuvulia: nilivyovifunga kwenye boti, kayaki na pikapu

Nianze na bolti, maana ndizo zilizoniudhi. Kifurushi kilipofika stendi kwa basi kutoka Dar, nilivitoa vishikio, nikavipangusa, nikavisifia. Vinne, vya stenlesi, vizito mkononi, vimeng'arishwa mpaka unajiona sura. Bolti zilikuwa kwenye kimfuko cha nailoni, sikuzitazama hata mara moja. Wiki sita baadaye, kwenye boti ya shemeji yangu pale Matema, vishikio vilikuwa vinang'aa vilevile, lakini chini ya kila bolti palikuwa na mchirizi wa kutu kwenye faiba nyeupe, kama wanja uliolowa machozi. Na yale ni maji baridi ya Ziwa Nyasa, hayana chumvi. Zingekuwa za kwenda Kilwa sijui zingefikisha wiki ngapi.

Nilichukua sumaku ya spika mbovu nikaijaribu. Kishikio hakikushikwa. Bolti zilirukia. Stenlesi nzuri, ile ya daraja la 304 au 316, sumaku huigusa kidogo sana au haiigusi kabisa. Kwa hiyo mwenye duka aliuza vishikio vya kweli na bolti za chuma cha kawaida kilichopakwa rangi ya fedha. Nilipompigia alisema, "Bosi, bolti si sehemu ya bidhaa, hizo tunakupa tu." Nikabaki nimeshika simu.

Mimi ni fundi umeme, naishi Mbeya mjini, na nikipata Jumamosi isiyo na kazi nateremka Kyela kuvua. Siyo kibiashara. Wavuvi wa kule wana nyavu zao na taa zao za kuvulia usipa, dagaa wa ziwa lile, mimi na fimbo yangu ni mgeni anayechekesha watu. Ninachokipenda ni kuburuta chambo cha bandia nyuma ya boti ikienda taratibu, kile ambacho watu wa pwani hukiita kurambaza, nikimtafuta samaki aitwaye mbasa. Ukiwa na fimbo moja unaweza kuishika mkononi. Ukiwa na tatu unahitaji vishikio, la sivyo shemeji anageuka mshika fimbo na boti haina wa kuiendesha.

Vishikio hivi ni vile vya kuzama: unatoboa ukingo wa boti, bomba linaingia chini kama sentimita 23, juu kinabaki kikombe tu na sahani ya kufungia. Vina mlalo wa nyuzi 30, maana yake fimbo inaegemea nje na nyuma, mshipi unakaa mbali na injini. Katika hiyo sentensi ndimo tatizo langu la pili lilimokuwa. Bomba lililolala haliingii kwenye tundu lililosimama. Tundu lazima nalo lichimbwe kwa mlalo uleule, na juu lionekane kama yai, si kama sarafu. Kwenye boksi kuna karatasi ya kipimo unayobandika na kuifuata. Kijana niliyemchukua Mwanjelwa ni hodari wa kufunga madirisha ya aluminiamu, namheshimu mpaka leo, lakini aliitazama ile karatasi, akaikunja, akaiweka mfukoni. Akafunga msumeno wa duara kwenye drili, akashuka wima. Bomba likakataa. Akachukua tupa akaanza kupanua huku na huku, na kila akipanua ananiambia, "Bado kidogo, mzee." Alipomaliza, bomba lilicheza ndani ya tundu kama kidole ndani ya gumboti.

Tundu tatu zilizobaki tulizichimba mimi na shemeji. Tulikata kabari ya mbao yenye mlalo wa nyuzi 30, tukaibana kwenye ukingo, tukaiegemeza drili hapo. Tulianza na biti nyembamba ili tuone kuna nini chini. Hapa naomba mnicheke vizuri. Nimefunga umeme kwenye nyumba za watu miaka mingi, kila siku nawagombeza vijana wangu kuhusu kutoboa ukuta bila kujua waya unapita wapi, na ni mimi, kwa mkono wangu, niliyetoboa waya wa taa ya nyuma ya boti. Shemeji hakusema kitu. Aliwasha swichi, akazima, akawasha tena, akanitazama. Tulishukuru kwamba ni waya, kwa sababu hatua mbili mbele ulipita mpira wa mafuta. Ingiza mkono chini ya ukingo upapase kwanza, au ingiza simu upige picha. Ni dakika moja.

Kitu kingine ambacho hakuna muuzaji atakayekwambia: ndani ya ukingo wa faiba mara nyingi mna plaiwudi. Ukishatoboa, ubavu wa ile plaiwudi unabaki wazi, na maji yakiingia unaoza taratibu huku juu boti ikiwa safi kabisa. Tulipaka rezini kwenye midomo ya tundu, tukaacha ikauke usiku kucha, ndipo tukaweka gundi ya kuzuia maji na kukaza. Kwa haraka zangu ningefunga jioni ileile. Shemeji ndiye aliyekataa, na boti ni yake.

Halafu kuna kile cha chini, ambacho kwangu sasa ni muhimu kuliko kishikio chenyewe. Samaki akivuta, nguvu yote inakwenda kwenye bolti tatu. Bolti ikikazwa na washa ndogo chini ya faiba nyembamba, siku moja inang'oka na kipande cha boti. Inatakiwa sahani pana chini, nguvu isambae. Sikupata sahani za aluminiamu za unene niliotaka, nikanunua ubao wa plastiki wa kukatia mboga, shilingi 6,000 pale Mwanjelwa, nikaukata vipande. Hauozi, haupati kutu, unatoboka kirahisi. Mke wangu alidhani nimemkumbuka na jiko lake.

Vishikio vyenyewe sasa. Ndani chini kuna kipini kinachopita katikati, fimbo zenye mkato kwenye kitako hukaa juu yake na hazizunguki. Zangu mbili hazina mkato, zilikuwa zinakikwangua. Kuna kizibo cha mpira cha kufunika wakati wa mvua, kigumu kidogo, kimoja kimeshapasuka. Bomba liko wazi chini, maji yanadondokea ndani ya boti. Kwetu si shida, tunayachota na kopo. Kwenye boti yenye betri chini ya ukingo ningetafuta aina iliyozibwa chini yenye kipira cha kutolea maji.

Mbasa wa kwanza kuvijaribu alikuja Novemba, asubuhi, Milima ya Livingstone ikiwa bado imefunikwa ukungu. Fimbo ilipinda mpaka nikasikia ubaridi tumboni, kishikio hakikutikisika. Lakini nilikuwa nimelegeza breki ya rili, kile kigurudumu cha kukunjia mshipi, kabla ya kuiweka fimbo mle, mshipi ukatoka wenyewe ukilia. Ukikaza breki kwa jinsi unavyoikaza ukishika kwa mkono, kitu kitaachia: mshipi, fimbo, au ukingo wa shemeji yako. Mzee mmoja wa pale ufukweni, mvuvi wa mshipi wa mkono tangu ujana wake, alitutazama tukimshusha yule samaki akasema, "Kwa hiyo chuma ndicho kimevua, wewe ulikuwa unakunywa chai." Nikamgawia kipande. "Ndaga fijo," akasema, yaani asante sana kwa Kinyakyusa, lakini maneno yake hakuyafuta.

Kayaki, ule mtumbwi mdogo wa kupiga makasia, ni hadithi nyingine. Ninayo ya plastiki, mtumba, niliuziwa na mgeni aliyekuwa anarudi kwao. Hii sikuiwekea stenlesi, nilinunua vishikio viwili vya plastiki vinavyozunguka, 28,000 kila kimoja. Ubora wake ni wa wastani: meno ya kuzungushia yamekuwa makubwa, unataka mlalo wa katikati unapata wa juu au wa chini. Kosa langu lilikuwa kwenye ufungaji. Nyuma ya kiti huwezi kuingiza mkono kushika nati, kwa hiyo fundi akapiga ribiti za kawaida, zile za masufuria. Kwenye bati ribiti hiyo inauma. Kwenye plastiki ya kayaki inatafuna tundu lake. Kuna ribiti zinazofunguka ndani kwa miguu mitatu, na kuna nati za mpira zinazotanuka ukikaza bolti, na hizo za mpira ndizo nilizotumia mara ya pili, zimetulia. Silikoni msijisumbue, haishiki kwenye plastiki ya namna ile, inabanduka kama ngozi ya maziwa. Weka kipande cha mpira chini ya kishikio na ukaze.

Na kabla ya kutoboa, kaa ndani ya kayaki, hata ikiwa juu ya nyasi nyumbani, upige makasia ya uongo. Nilivyopima kwa macho tu, kishikio cha mbele kiligonga kasia kila mkupuo wa kushoto. Kile cha nyuma kiko sawa kwa kuburuta chambo, ila kugeuka kukitafuta kwenye mawimbi si mchezo, na upepo wa kusi wa Juni hadi Agosti ukianza, mimi kayaki naiacha mchangani. Mdomoni mwa Mto Lufilyo siendi nayo msimu wowote. Mamba hajali mlalo wa nyuzi 30.

Kwenye pikapu sikununua kitu. Vile vya kubandika kwa mipira ya kunyonya kioo niliviona dukani nikavicheka, barabara yetu ya Uyole kushuka Tukuyu ina kona na matuta ya kutosha kuvifundisha adabu. Nilikata vipande vinne vya bomba la plastiki la inchi mbili, nikavichonga mkato juu wa kukalia rili, nikavitandika ndani mpira wa baiskeli, nikavifunga kwenye vyuma vya bodi. Jumla 40,000 na ufundi wangu. Nilivisimamisha wima, nikajiona mjanja, nikapita njia ya Masoko kwenda Ipinda. Tawi moja la mparachichi likaniondolea ncha ya fimbo nzuri kuliko zote. Sasa mabomba yamelazwa kwenye keria, ncha zikielekea nyuma, na tukisimama kula Uyole au Tukuyu fimbo zinaingia ndani ya gari. Zikibaki nje watu wanaziangalia sana, sitaki kujua kwa nini.

Hesabu: vishikio vya stenlesi 65,000 kila kimoja, bolti mpya tisa za stenlesi nilizonunua mwenyewe kwa 1,500 kila moja, ufundi wa yule kijana 30,000, ambazo nilimlipa zote kwa sababu tundu la kwanza nilikuwepo nikitazama. Kishikio nakipa nyota nne. Bolti za bure na majibu ya duka, moja. Vile vya kayaki, mbili na nusu. Mabomba yangu siwezi kuyahukumu.

Kishikio cha nne kiko kabatini. Lile tundu lililoharibika tulilitia kipande cha bomba la plastiki kilichobaki kwenye kazi ya pikapu, na kwa mvua za Kyela shemeji amegundua kwamba mwavuli mkubwa unakaa mle vizuri kabisa. Abiria wake wanamsifu. Juzi kanipigia, anataka nimtoboe la pili upande wa kulia.