Programu ya kujifunzia majina ya kampaundi: kwenye kaboni nzuri, kwingine bado

Nimetumia sana programu hii ya simu kujifunza kutaja kampaundi kwa utaratibu wa IUPAC, shirika la kimataifa linaloweka kanuni za majina ya kemikali, na upande wa kemia ya kaboni imenifaa kuliko nilivyotegemea. Uzuri wake ni kwamba haikupi majibu manne ukabahatisha moja. Inakupa umbo uandike jina lake lote, namba na vistari vikiwemo, au inakupa jina uchore umbo kwa kidole.

Huko kwenye kuchora ndiko kwenye faida. Ukipewa 3-ethili-2-methiliheksani unaanzia mwisho wa jina: heksani, yaani kaboni sita mfululizo zenye bondi moja moja. Ndipo unapachika methili (tawi la kaboni moja) kwenye kaboni ya pili na ethili (tawi la kaboni mbili) kwenye ya tatu. Halafu programu inakuuliza swali la kichokozi: mbona ukipita kwenye ethili unapata mnyororo mwingine wa kaboni sita? Ni kweli, upo. Ila minyororo ikilingana urefu, unachukuliwa wenye matawi mengi zaidi, na huo wa pili una tawi moja tu.

Maumbo nayo huchorwa yakiwa yamepindapinda makusudi. Mstari ulionyooka kwenye kioo unaweza kuonekana ndio mnyororo mkuu, ukaandika 2-ethilibutani, kumbe kaboni zinazofuatana ni tano na jina sahihi ni 3-methilipentani. Mpangilio wa alfabeti umeelezwa vizuri pia: katika 3-ethili-2,2-dimethilipentani ethili hutangulia, kwa sababu "di" huonyesha idadi tu na herufi yake haihesabiki.

Sasa kero. Ukiandika 2-butanoli unapigwa alama nyekundu, bila neno lolote la maelezo. Inataka butan-2-oli. Sawa, tangu mapendekezo ya IUPAC ya 1993 namba hukaa mbele tu ya kiishio inachokihusu (hapa "oli"), na faida yake inaonekana jina likiwa na viishio viwili. Lakini mtindo wa zamani bado umejaa vitabuni na kwenye lebo za chupa za maabara, na mwanafunzi anayeukuta huko alistahili sentensi moja ya ufafanuzi.

Kinachoniudhi zaidi ni asidi asetiki. Programu inalikataa jina hilo na kudai asidi ethanoiki, ikijifanya mlinzi wa kanuni, ilhali mapendekezo ya IUPAC ya 2013 yanaliweka asidi asetiki kuwa ndilo jina linalopendelewa! Asidi ethanoiki limeundwa kwa utaratibu na halina kosa, ila si sababu ya kumnyima mtu alama kwa lile la kwanza.

Kampaundi zisizo za kaboni zimeguswa juu juu. Unaonyeshwa FeCl₂ na FeCl₃, unaambiwa moja ni kloridi ya chuma(II) na nyingine kloridi ya chuma(III), basi. Namba hiyo ya Kirumi imetoka wapi hawasemi, na hesabu yenyewe ni fupi: kila klorini ina hali ya oksidisho (chaji inayohesabiwa kwa kila atomi) ya −1, zikiwa tatu chuma lazima kiwe +3 ili jumla iwe sifuri. Anayejiandaa kwa alkani, alkeni na alkoholi aipakue bila wasiwasi. Wa chumvi na oksidi asiitegemee peke yake.