Kero za hadharani Dodoma: faini ya mgambo au kikao cha mtaa?

Halmashauri ya Jiji hutunga sheria ndogo kwa mamlaka ya Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Miji) ya 1982. Njia ya kwanza ya kuzisimamia ni mgambo na faini. Inamfaa anayekojoa ukutani au kutupa taka Nyerere Square: kosa limeonekana, mhusika yupo. Lakini notisi isipotaja kifungu, mahali na saa, shauri hulegea mahakamani. Faini ikilipwa mkononi badala ya kwa namba ya malipo ya serikali, mlango wa rushwa umefunguliwa.

Njia ya pili ni mwenyekiti wa mtaa, kisha Baraza la Kata, lenye wajumbe 4 hadi 8 na kazi ya kusuluhisha. Kwa baa inayopiga muziki usiku kucha, hii ni bora zaidi, tena kwa mbali. Mwenye baa hulipa faini na muziki ukaendelea; kikao humwekea masharti: spika zisielekezwe kwenye nyumba, sauti ishuke saa iliyokubaliwa. Yaandikwe, yasainiwe, majirani wapewe nakala, maana makubaliano ya mdomo hukanwa upesi. Akikaidi, nakala hiyo ipelekwe kwa afisa biashara kabla leseni yake ya vileo haijahuishwa.